Kapteni Aliyeingia Nyumbani Kwetu

Mke wangu alianza kumtaja yule Kapteni mwaka aliporudi masomoni kutafuta shahada ya uzamivu. Wakati huo hakuwa hata kapteni. Alikuwa kijana mdogo wa Kiingereza, ndevu hazijaota, anapandishwa kwenye meli ya kivita na sanduku la nguo alilofungashiwa na mama yake. Mke wangu alinisimulia habari hiyo kwenye simu kwa sauti ya mzazi aliyetoka kumsindikiza mwanawe stendi. Nikamwuliza ni nani huyo. Akasema ni mtu wa karne ya kumi na tisa, ofisa wa jeshi la majini, na kwamba atakaa naye miaka kadhaa.

"Utakaa naye?" nikauliza.

"Kwenye utafiti," akasema, akacheka.

Mimi pia nilicheka. Mtu aliyekufa zamani hivyo, tena ng'ambo, angeninyang'anya nini?

Nieleze tulivyokuwa tunaishi. Yeye ni Mhehe, anafundisha historia katika chuo kimoja mjini Iringa. Mimi ni Mnyakyusa, kazi yangu iko Mbeya, kwenye kampuni ya mbegu za viazi yenye mashamba upande wa Uyole. Watoto wetu wako bweni. Kwa hiyo tuna nyumba mbili za kupanga na ndoa moja, na ndoa yenyewe, ukiondoa mwisho wa mwezi na likizo, inakaa ndani ya simu. Jioni, baada ya taarifa ya habari, ananipigia. Zamani tulikuwa tunaongea habari za watoto, mvua, mambo ya ukoo, nani kafiwa, nani anaoa. Halafu akaingia huyu mtu.

Haikuwa kwamba alimtafuta yeye. Alichokuwa anatafuta ni habari za watu waliochukuliwa kutoka huku kwetu bara wakati wa biashara ya utumwa, wakatembezwa hadi pwani, wakapakiwa, wasionekane tena. Wao wenyewe hawakuachiwa nafasi ya kuandika chochote. Walioandika ni wale waliokuwa wakivifukuza vyombo vilivyowabeba, yaani maofisa wa meli za Kiingereza, na miongoni mwao kulikuwa na mmoja aliyekuwa na mkono mwepesi kuliko wenzake wote. Alimwandikia mama yake, akamwandikia mke wake, akawaandikia wakubwa wake, na siku asipokuwa na wa kumwandikia alijiandikia mwenyewe. Mke wangu aliniambia kwamba mtu huyo ndiye mlango. Akipita kwake atawafikia watu wetu. Nilimsifu kwa wazo hilo. Sikufikiri kwamba mtu anaweza kufika mlangoni akasimama hapohapo akiongea na bawabu.

Basi nikaanza kupewa maisha ya huyo bwana jioni baada ya jioni. Nilijua alivyotapika siku zake za kwanza baharini, na jinsi mkubwa wake alivyomchapa kwa kosa la mwenzake. Nilijua alianguka mtihani wa uluteni, akarudia, akapita. Nilijua hakuwa na mtu wa kumshika mkono. Wenzake wenye wajomba wakubwa walipewa meli, yeye akarudishwa nchi kavu na kuambiwa asubiri, akalipwa nusu mshahara miaka mingi, akikaa kwenye chumba cha juu katika mji wa bandari na kutazama meli za wenzake zikitoka. Hapo sauti ya mke wangu ilikuwa inashuka. Alisema, "Masikini, alikuwa anakwenda gatini kila asubuhi na koti lake la sare, halafu anarudi."

Sasa mimi nikiwa na malaria mke wangu huniambia ninywe dawa nilale. Huyu alipopata homa kwenye mto mmoja huko Afrika Magharibi, niliambiwa habari za homa yake siku tatu mfululizo. Jino lilipomsumbua, nililisikia. Alikuwa na mizaha pia. Jioni moja mke wangu alicheka peke yake kwenye simu, nikamwuliza kulikoni, akanitafsiria mzaha wa Kapteni kuhusu mpishi wa meli na bata. Nilingoja sehemu ya kuchekesha ije. Haikuja. Lakini yeye alikuwa bado anacheka, na mimi nimeshika simu Uyole, malori yakipita barabarani kwenda Tunduma, nikijiuliza ni lini mara ya mwisho nilimchekesha hivyo.

Nikajikuta namfuatilia. Nikiwa shambani natembea kati ya matuta, nahesabu miaka yake na yangu. Alipokuwa na umri wangu alikuwa na cheo gani? Luteni. Hilo lilinituliza kidogo. Sijawahi kumwambia mtu kwamba nilikuwa nashindana na Mwingereza wa enzi za tanga na mvuke, na kwamba kuna wiki niliona namshinda.

Halafu ikaja ile siku ya uteuzi. Kampuni yetu ilikuwa inatafuta meneja wa mashamba. Kila mtu aliniambia nafasi ni yangu, hata mlinzi alishaanza kuniita meneja. Nilikuwa nimekaa pale tangu mbegu zinahifadhiwa kwenye kibanda cha mabanzi. Asubuhi tukaitwa ofisini, tukatambulishwa kwa meneja mpya, kijana mpole, mwenye shahada mbili, aliyetoka Arusha. Nilimpa mkono, nikamtembeza mashambani mchana kutwa nikimwonyesha mipaka ya vitalu, pale maji yanapotuama, pale ugonjwa wa ukungu unapoanzia kila masika. Aliniita kaka na kunishukuru kwa heshima zote. Ingekuwa rahisi kama angekuwa na kiburi.

Jioni nilikaa nikingoja simu. Nilikuwa nimeyapanga maneno kabisa: nitaanza kwa kumwuliza habari za huko, kisha nitamwambia polepole, bila kulalamika. Simu ikalia. Kabla sijamaliza kusalimia akasema, "Mume wangu, amepata! Wamempa ukapteni."

Sikuelewa mara moja. Nilidhani anamsema yule kijana wa Arusha, kwamba habari imeshafika Iringa. Kumbe ni yule wake. Baada ya miaka ya nusu mshahara alikuwa amepewa meli ndogo ya kuwinda vyombo vya watumwa katika pwani yetu, akafanya kazi misimu miwili ya pepo za bahari, na sasa wakubwa wa London wamempandisha. Alinisomea jinsi alivyompa mke wake habari hizo, maneno ya mtu mzima anayekaribia kulia. Alinisomea yote.

"Mpe hongera," nikasema.

"Nitampa," akajibu kwa furaha. Akaniuliza huku Mbeya kuna habari gani. Nikamwambia mvua imenyesha.

Mwisho wa mwezi ule nilikwenda Iringa. Nilibeba viazi na mkungu wa ndizi za Rungwe, nikashuka stendi mchana, nikachukua bajaji hadi Kihesa. Mlango ulikuwa wazi, mke wangu yuko jikoni nje. Niliingia sebuleni nikakuta mwanamume ananitazama. Alikuwa ukutani juu ya runinga, kwenye fremu mpya: Mzungu mwenye ndevu za mashavuni, koti lenye vifungo vya shaba, mkono mmoja juu ya upanga. Mke wangu alikuwa amempata kwenye mtandao, akamprinti stesheneri kwa ukubwa wa kalenda. Pale ndipo ilipokuwa picha yetu ya harusi. Niliitafuta nikaiona juu ya kabati la vyombo, imeegemezwa kwenye chupa ya chai, sura yangu imefichwa nusu na kikapu cha mayai.

Nilikuwa bado nimesimama pale na mkungu wangu begani mama mkwe alipoingia. Anakaa kijijini karibu na Tosamaganga, na alikuwa amekuja na mboga za maboga. "Kamwene," akasalimu. "Kamwene, mama," nikaitikia, nikatua mzigo na kumpokea. Akakaa, akainua macho, akaiona ile picha. Huko kwake Mzungu mwenye fremu ni mmisionari au askofu, hana namna nyingine. Akauliza kwa heshima baba huyu alihudumu parokia gani.

"Siyo padri, mama," nikasema. "Alikuwa ofisa wa majini."

Alinitazama, akaitazama picha, akafanya ishara ya msalaba. "Wa majini? Na mmemweka sebuleni?"

Ningeweza kumfafanulia palepale. Lakini nilijishughulisha kwanza na kuutafutia mkungu mahali pa kuuegemeza, na kazi hiyo ilichukua muda. Mke wangu alipoingia na kueleza kwamba ni jeshi la baharini, siyo mashetani, mama yake alikuwa ameshahamia kiti kingine na kuipa picha mgongo. Alisema ameelewa. Kabla ya kuondoka, hata hivyo, alimwambia binti yake kwamba kama ni masomo ni sawa, ila picha ya mwanamume usiyekuwa na undugu naye haikai juu ya picha ya mume wako. Mimi nilikuwa nakunywa chai. Chai ile ilishuka vizuri sana.

Jioni hiyohiyo picha ya harusi ilirudi mahali pake, na Kapteni akahamishiwa kwenye chumba kidogo ambamo mke wangu husomea. Nililala nikiwa na raha ya ushindi. Asubuhi nilipoamka kitanda kilikuwa kitupu upande wake. Alikuwa kwenye kile chumba, na kikombe chake na taa yake, na yule bwana juu yake kama taji. Ukuta nilikuwa nimeushinda, lakini saa zote za mke wangu alikuwa nazo yeye.

Masika ilifika, na mke wangu akaja Mbeya kwa likizo. Alishuka kwenye basi akiwa amenyong'onyea. Siku ya kwanza hakumtaja Kapteni kabisa. Siku ya pili nikaona ni heri niulize mwenyewe, kama mtu anayegusa kidonda aone kama kimekauka. Akanieleza.

Alikuwa amefika kwenye ile misimu miwili iliyompatia cheo. Meli ya Kapteni ilikuwa imekamata vyombo vingi na kuvichoma moto. Lakini mke wangu alipolinganisha maelezo yake na malalamiko yaliyopelekwa kwa wakubwa wa Zanzibar, aliona kwamba vingi kati ya hivyo havikuwa na mtumwa hata mmoja. Vilikuwa vya wafanyabiashara wa kawaida wenye mtama, samaki na mikeka, wakiwa na mabaharia wao na abiria wao. Kapteni alikuwa na haraka. Kila chombo kilichoungua kilimwongezea sifa na tuzo, na mwenye chombo alibaki ufukoni anaangalia. Hata wale watu aliowaokoa kweli, watu wetu wa bara, hakuna aliyerudishwa kwao. Walishushwa visiwa vya mbali wakapangiwa kazi kwenye mashamba ya miwa ya wengine, na Kapteni akageuza meli bila kuuliza tena.

"Alijua," mke wangu alisema. "Amemwandikia mke wake kila kitu, mpaka supu aliyokunywa. Hilo amelipita kimya."

Nilimpa pole. Kisha nikaenda jikoni. Nilichinja kuku, nikapika ndizi kwa nazi na karanga, nikachoma viazi vidogo vya mbegu yetu mpya ambavyo huwa haviguswi na mtu. Nadhani nilikuwa napiga mluzi. Alipoketi mezani hakula. Aliniangalia muda.

"Umefurahi," akasema.

Nikamwambia siwezi kufurahia vyombo vya watu kuungua. Akasema hasemi vyombo. Nikasema, kwa ukali zaidi kuliko nilivyokusudia, kwamba mtu gani asingefurahi. Kwamba kwa miaka sasa nasikia habari za mwanamume mwingine ndani ya nyumba yangu, meno yake, homa zake, mizaha yake isiyochekesha, na kwamba siku alipopandishwa cheo ilibidi nimpe hongera.

"Siku ile na wewe ulinyimwa cheo," akasema.

Sikuwa nimemwambia. Alikuwa ameambiwa na wifi yake, dada yangu, ambaye naye aliisikia sokoni Uyole kwa wauza viazi. Alikuwa ameijua tangu wiki ile ile.

"Kwa nini hukuniuliza?" nikasema.

"Nilikuwa nasubiri uniambie. Kila jioni nikimaliza habari za Kapteni nakuuliza, huko kwenu vipi. Unaniambia mvua imenyesha." Alisogeza sahani pembeni. "Baba watoto, yule mtu namjua kwa sababu alisema. Alisema uongo, alisema ujinga, lakini alisema. Wewe nimeishi na wewe miaka yote hii na ninachokijua ni hali ya hewa."

Huku kwetu mwanamume hafundishwi kusimulia machungu yake. Anafundishwa kuyabeba, na akiyabeba vizuri anasifiwa msibani. Nilikuwa nimeyabeba yangu vizuri, na kumbe mtu niliyedhani namwondolea mzigo alikuwa amekaa miezi yote akingoja nimtwishe. Wivu wangu haukuisha pale. Ulihama tu. Mpaka siku hiyo nilimwonea yule bwana wivu kwa sababu ya kupendwa, na tangu siku hiyo nikamwonea wivu kwa sababu alijua kusema.

Nilijaribu. Nilimweleza ile asubuhi ofisini, mkono nilioutoa, matuta niliyomtembeza yule kijana. Nilieleza vibaya, nikirudi nyuma na kuruka mambo. Alisikiliza chakula kikapoa. Alipouliza swali aliuliza kama anavyouliza mambo yake ya kazi: ulisimama wapi, alisema nini hasa, wewe ulijisikiaje ulipofika nyumbani. Nikagundua kwamba hakuna mtu aliyewahi kuniuliza mambo kwa uangalifu namna ile, na kwamba ndivyo alivyokuwa akimwuliza maiti wa Kiingereza miaka yote mitatu.

Mwaka uliofuata chuo kilimpeleka Uingereza kwa miezi michache akamalizie utafiti. Alinitumia picha nyingi: vyumba vya kumbukumbu, mvua, chakula kisicho na chumvi. Siku moja ikaja picha ya makaburi. Alikuwa amechuchumaa kando ya jiwe lenye kuvu, amevaa koti la kijivu nililomchagulia mimi kwenye mitumba ya Mwanjelwa, na kiganja chake kilikuwa juu ya jiwe. Ni kiganja tu. Mtu anayeinuka lazima ashike mahali. Lakini nilikiangalia kile kiganja muda mrefu kuliko nilivyoliangalia lile jiwe, kama kijana anayemwona mchumba wake kwenye ngoma ya jirani.

Safari hii sikuandika kwamba mvua imenyesha. Nilikuwa shambani, nikajirekodi sauti. Nilimwambia picha nimeiona na nimeona wivu, acheke akitaka. Nikamwambia pia kwamba kijana wa Arusha alikuwa ameniomba nimsaidie kupanga upya vitalu vya juu, nikamsaidia, na kwamba jambo lililoniuma ni kuona mpango wake ni mzuri. Nilipoisikiliza ile sauti nilijionea aibu, lakini ilikuwa imeshakwenda. Hakucheka. Alijibu kwamba Kapteni alikufa akiwa admirali, lakini uadmirali wenyewe alipewa akiwa mzee nyumbani, kwa vile waliokuwa mbele yake walikuwa wamekwisha kufa, na kwamba kwenye jiwe wameandika vyeo vyake vyote na jina la mke wake halipo. Mke huyo amezikwa kwingine. Kisha akauliza vitalu vya juu ni vile vya upande wa mto, au vipi?

Baadaye alifaulu shahada yake. Kwenye kitabu chake Kapteni amebaki na sura mbili tu. Zilizobaki ni za watu walioshushwa visiwani. Kuna mwanamke mmoja aliyeulizwa kwao ni wapi akataja jina ambalo karani aliliandika ovyo, na mke wangu anaamini ni sehemu ya milimani kaskazini ya Ziwa Nyasa, yaani huku kwetu. Hawezi kuthibitisha, na ameandika kwamba hawezi.

Lakini siku aliyorudi kutoka Uingereza, kabla ya hayo yote, nilimpokea uwanja wa ndege wa Songwe kwa gari la kuazima. Alikuwa amekonda, amechoka, anazungumza Kiswahili chenye kigugumizi cha mtu aliyekaa na Kiingereza muda mrefu. Nilitarajia tutakwenda hadi nyumbani nikisikiliza London. Tulipopita Mbalizi akafungua kioo, akavuta hewa, akaniuliza habari za yule kijana, kama bado ananiita kaka. Nikaanza kumweleza. Mwanjelwa tukanunua mahindi ya kuchoma, nikaendelea kumweleza na mdomo umejaa. Karibu na Uyole lori lilikuwa limeharibika katikati ya barabara, foleni imesimama, madereva wameshuka wanaangalia tu. Nikataka kushuka na mimi nikaone. Akanishika mkono.

"Zima gari," akasema. "Halafu uendelee."